Kasha la Mpangaji na Waya wa Marehemu

Mimi si mtu wa kustaajabu ovyo. Nyumbani kwetu Mengo walinisema kwa hilo tangu utotoni: ukiniletea habari ya ajabu, nauliza kwanza nani amekwambia. Lakini siku mpangaji wetu alipofungua lile kasha juu ya kitanda chake, mlango wa chumba ukiwa wazi kama adabu inavyotaka, nilisimama kizingitini na bakuli la maharagwe mkononi nikasahau nilichokuja kufanya.

Nyumba ilikuwa ya shangazi yangu, dada wa baba, aliyenilea. Mumewe alikuwa mwalimu wa Kurani, mtu wa ukoo wa wafanyabiashara wa pwani ambao mababu zao walikuja Buganda kuuza nguo wakasahau kurudi. Alifariki kabla wanajeshi hawajachukua nchi, na Shangazi alipenda kusema Mungu alimhurumia, hakutaka ayaone haya. Tukabaki sisi wawili, cherehani mbili, na chumba kimoja cha uani cha kupangisha. Tulishona kanzu. Shangazi alikuwa na mkasi mmoja wa chuma, mzito, wa kukatia kitambaa tu. Siku moja nilikatia karatasi ya dukani, na nakuambia, bora ningemtukana. Mkasi wa kanzu haukatii kitu kingine, alisema, ukigusa kitu kigumu unapata pengo, na mkasi wenye pengo ni wa kukatia sukumawiki.

Mpangaji alikuwa Mkenya, Mkristo, karani katika kampuni ya kusafirisha mizigo. Siku ya kuhamia kwetu alifika na godoro, sanduku la nguo, na uso wa mtu aliyetoka kuzika. Wanajeshi walikuwa wamemsimamisha njiani wakamnyang'anya mashine yake ya kupigia santuri. Kasha lilipona kwa sababu lilikuwa ndani ya godoro lililokunjwa. Hakutueleza haya kwa kulalamika. Alimwambia Shangazi kwa kifupi, kama mtu anayetaja kwamba njiani mvua ilinyesha.

Basi ndilo kasha hilo nililoliona. Lilikuwa jeusi, gumu, limefunikwa kitu mfano wa kitambaa, na maandishi ya rangi ya dhahabu juu yake. Ndani zilipangwa santuri ndogo, zile za wimbo mmoja kila upande, kila moja katika bahasha yake yenye picha. Zilikuwa nyimbo za bendi moja ya muziki wa roki, za huko Ulaya, zote walizowahi kutoa moja moja tangu walipoanza, zikafanyiwa kasha moja kwa ajili ya watu wanaokusanya vitu hivyo. Binamu yake mmoja baharia alimletea. Alizishika kwa kingo, kwa ncha za vidole, na alipoona nimeduwaa akaniita nisogee nione kijitabu kilichokuwa chini yake.

"Hawa ni wazee sasa, dada," akasema. "Wameanza nikiwa shule ya msingi. Bendi nyingine zote zilikufa ama zikavunjika. Hawa bado wanapiga."

Nilifungua kijitabu. Ukurasa wa kwanza walikuwa vijana wembamba wenye suti za kubana. Nikifungua mbele, nywele zinarefuka, suti zinapotea, hadi mwisho wakawa watu wazima wenye ndevu na mikunjo machoni, walewale, wamesimama kwa mpangilio uleule. Hilo ndilo lililonishika. Kwetu watu walikuwa wanatoweka. Unamsalimu mtu Jumatatu, Ijumaa mkewe anakwenda kuuliza Naguru kwa polisi na kurudi bila jibu. Na hapa kuna watu waliozeeka pamoja kwenye picha, hakuna aliyepungua.

Shangazi alipojua mpangaji ana santuri na hana mashine, hakulala vizuri. Sebuleni tulikuwa na gramafoni kubwa ya kabati, ya umeme, aliyoinunua marehemu kwa ajili ya santuri za Kurani kutoka Misri. Zilikuwa sahani kubwa, zenye kisomo kirefu, na zilipigwa kila Ijumaa baada ya swala, na siku za Idi tuliongeza santuri za taarabu, nazo kubwa vilevile. Mgeni ana sahani, sisi tuna mashine, na ukuta mmoja ndio unaotutenganisha. Shangazi aliona hiyo ni aibu yake mwenyewe. Akamwalika Jumapili, akitoka kanisani, aje na kasha lake.

Sasa lazima nieleze habari ya waya. Ubavuni mwa ile mashine palikuwa na kijiti kidogo cha kubadilishia mwendo. Wakati wa uhai wa marehemu, watoto wa chuo chake cha Kurani walikigundua. Wakawa wanangoja ageuke, wanasukuma kijiti, msomaji wa Kurani anaanza kukimbia na sauti ya mwanambuzi. Marehemu hakuwachapa. Alichukua waya wa shaba, akakifunga kile kijiti mahali pa mwendo wa polepole, akazungusha na kuzungusha mpaka kikawa na tumbo. Tangu hapo, katika nyumba yetu, ule mwendo mwingine ulijulikana kuwa ni wa utundu. Hakuna kitu cha maana kilichowahi kupigwa kwa mwendo ule, na haikutujia kwamba duniani kuna sahani iliyotengenezwa kwa ajili yake.

Jumapili ile mpangaji alikuja na shati jeupe. Akachagua santuri moja, akaiweka kama anavyolazwa mtoto aliyesinzia, akashusha sindano. Ikatoka ngoma. Ikapiga, ikangoja, ikapiga tena. Halafu sauti ya mtu ikapanda kutoka chini, chini kabisa, sauti ya mtu mkubwa kuliko watu, asiye na haraka ya kwenda popote.

Nikaona mpangaji ananyoosha mkono kuelekea ubavuni mwa mashine. Vidole vyake vikaugusa waya.

"Huo aliufunga marehemu," Shangazi akamwambia kwa fahari. "Kwa mkono wake. Ndiyo kazi yake ya mwisho humu ndani, akaugua." Na akamwonyesha picha yake ukutani, kanzu, koti na kofia.

Mpangaji akaitazama picha. Akarudisha mkono, akauweka juu ya goti lake. "Alifunga vizuri, Mama," akasema. Akakaa akasikiliza mpaka mwisho.

Nisikudanganye, mimi nilikuwa nimechukuliwa. Sikuwahi kusikia kitu kama kile. Magitaa yalilia kwa urefu, kama milango mizito inayofunguliwa moja baada ya nyingine. Kiingereza chake nilikielewa neno kwa neno, maana kila neno lilipewa nafasi ya kukaa. Nilitazama wale vijana wembamba kwenye kijitabu nikashindwa kuelewa vifua vile vinatoaje sauti ile. Nikahitimisha kwamba Mungu humpa amtakaye.

Ikawa desturi. Kila Jumapili baada ya chakula anakuja, anakaa kiti kilekile, anatupigia wimbo mmoja au miwili, anakunywa chai, anasema, "Asante sana, Mama, nimefurahi," anarudi chumbani kwake na kasha lake. Shangazi alishona vifungo huku akitikisa kichwa. Alisema muziki huu una heshima, si kama ule wa baa. Rafiki yetu mmoja, mke wa muuza mkaa wa Bwaise, alipita akasikia, akavua viatu mlangoni akidhani tuna hitima.

Nimejiuliza mara nyingi kwa nini ilinigusa vile. Nadhani ni kwa sababu mji mzima ulikuwa unakimbia. Giza likikaribia unaona watu wazima na mikoba yao wanatembea mbiombio wafike nyumbani. Foleni ya sukari inakimbia, uvumi unakimbia, gari likisimama ghafla moyo unakwenda mbio kabla hujajua ni la nani. Na huyu mtu kwenye sahani hakimbii. Hakuna anayemfukuza. Nilimwonea wivu, na nilimpenda.

Kisha ikaja ile miezi Wakenya walipoanza kutafutwa. Serikali mbili ziligombana, na waliolipia ni makarani na wauza mitumba. Asubuhi moja mpangaji alikuja jikoni akiwa na mfuko mmoja tu, na kasha mikononi.

"Mama, nikibeba hili njiani litaniuza," akasema. "Nakuachia amana. Kama sitarudi, ni lenu."

"Usiniambie habari ya kutorudi," Shangazi akamjibu. "Amana ni ya mwenyewe. Utalikuta kama ulivyoliacha, na kila sahani yake. Nenda na Mungu, mwanangu."

Alikwenda kutafuta gari la Busia, mpakani. Hatukupata habari kwamba alivuka. Shangazi akalifunga kasha kwa kanga, akaliweka kabatini kati ya kanzu za marehemu, mahali ambapo hata mimi sikuruhusiwa kugusa. Kutoka siku ile sikuwahi kusikia dua yake ikiisha bila "yule mwanangu" ndani yake. Aliogopa vitu viwili, kwamba mtu amekufa, na kwamba akiwa hai atarudi akute amana imepotea mikononi mwake. Sidhani alijua lipi lilimnyima usingizi zaidi.

Walikuja adhuhuri, wanajeshi wawili. Mtu alikuwa amewaambia kwamba mali ya Mkenya imefichwa kwetu. Mmoja alibaki uani. Mwingine, mwenye miwani myeusi, alipekua sebule, akapekua chumba, akatoka na kasha, kanga inaburutika chini.

"Mama, hii iko nini?"

"Ni santuri, afande. Amana ya mtu."

"Amana ya Mkenya?"

"Amana haina kabila," Shangazi akasema. Shangazi wangu alikuwa mtu wa kumwambia muuza nyanya pole anapopunguziwa bei, na sasa alikuwa anamjibu mtu mwenye bunduki.

Yule mwanajeshi alifungua kasha. Nikaona uso wake unabadilika, na nikajua tumekwisha, maana alikuwa anajua anachokitazama. Alizipekua zile bahasha kwa kingo, kwa ncha za vidole, sawasawa na mwenyewe. Akaitazama na gramafoni. Mali mbili kwa safari moja.

"Weka hii moja," akaniamuru. "Mimi nasikia kwanza."

Niliweka. Sindano ikaruka kidogo. Shangazi alikuwa amesimama ubavuni mwa mashine, kanga yake imefunika kile kijiti na waya wake, si kwa hila, ndipo alipokuwa amekimbilia kusimama. Ngoma ikapiga, ikangoja, ikapiga. Yule mtu mkubwa akaanza kuimba kutoka chini.

Mwanajeshi akakunja uso. Akainama, akaweka sikio karibu na kitambaa cha spika. Akasubiri kidogo. Halafu akacheka, kicheko cha mtu aliyetapeliwa sokoni.

"Mashine yenu imekufa," akasema. "Imekufa kabisa. Huyu mtu anaimba kama amekula matoke sufuria mzima. Imekuwa hivi tangu lini?"

"Tangu wakati wa marehemu," Shangazi akasema.

"Na rekodi pia zimekula jua. Sikia hiyo gitaa." Aliinua sindano mwenyewe, akairudisha santuri ndani ya bahasha yake, vizuri, nalikumbuka hilo, akaliweka kasha juu ya meza kwa masikitiko. "Pole, mama. Kitu nzuri imeharibika bure." Akamwambia mwenzake kwamba hapana kitu hapa, mashine ya wazee tu. Wakachukua pasi, na kanzu mbili za mteja, wakaenda.

Tulikaa chini mkekani, palepale tulipokuwa. Mimi nilikuwa na hasira, kama unaweza kuamini. Nilikuwa nimetukaniwa mtu wangu.

"Shangazi, mashine ni mbovu?"

Alikuwa ameushika ule waya kwa vidole viwili, anautazama kana kwamba umeota leo.

"Si mbovu," akasema mwishowe. "Imefungwa." Halafu taratibu akatia mkono mdomoni. "Kumbe yule mtoto alikuwa anatustahi."

Hapo ndipo nami nilipouona tena ule mkono wa Jumapili ya kwanza, ulivyonyooka, ulivyougusa waya, ulivyorudi gotini. Alijua. Kila Jumapili alikuja na shati jeupe, akakaa, akasikiliza watu aliowapenda kuliko watu wote wakiburutwa kama magunia, na akasema asante sana Mama nimefurahi. Angeweza kusema neno moja. Hakulisema, kwa sababu ya mjane na picha ukutani. Mimi niliyekuwa nauliza kwanza nani amekwambia, siku ile sikuwa na swali. Nililia. Sijui kama nimewahi kumstaajabia binadamu kama nilivyomstaajabia yule karani, na hata hatukujua kama yu hai.

Nilitaka tufungue waya tusikie. Shangazi alikataa katakata. "Hatutazigusa," akasema. "Atakaporudi mwenyewe, yeye ndiye wa kwanza kusikia." Akalifunga kasha tena kwa kanga. Tangu siku hiyo dua yake iliongezeka kitu: amrudishe ili nimtengenezee.

Miaka ikapita hivyo, na nyumba ilikuwa kimya Jumapili. Vilipofika vita, makombora yakaanza kuvuma kutoka upande wa barabara ya Masaka, tukakimbilia Bwaise kwa mke wa muuza mkaa. Shangazi alibeba vitu viwili, msahafu kifuani na kasha kichwani. Maji yalikuwa yamejaa kule kama kawaida yake, na alilala ameketi, kasha juu ya mapaja, lisije likalowa. Nilimwambia tulifunge darini. Akaniuliza kama ni mimi niliyekabidhiwa.

Tuliporudi Mengo gramafoni ilikuwepo, nzito mno kwa waporaji. Na siku moja, msimu wa nsenene, nikiwa mlangoni nanyonyoa panzi wale na kuwatoa mbawa, nikaona mtu anakuja na mfuko wa sukari begani. Alikuwa amekonda, na nywele zimeanza mvi juu ya masikio. Aliponisalimu, "Hamjambo hapa, dada," niliangusha sinia zima, nsenene wakatapakaa.

Shangazi hakumuuliza alipita wapi. Alimshika mikono yote miwili akamtazama, akamkalisha kwenye kiti chake kilekile, akaenda kabatini. Akaweka kasha mapajani mwake na kumwambia ahesabu. Mpangaji hakuhesabu. Alipitisha kiganja juu ya maandishi ya dhahabu, yaliyokuwa yamefifia kidogo kwa kanga.

"Subiri," Shangazi akasema. Akaenda kwenye cherehani, akarudi na mkasi.

Ule mkasi. Nilisimama. Mpangaji naye aliona anakwenda wapi, akanyanyuka nusu. "Mama, hapana. Ni wa Mwalimu."

"Mwalimu aliwafungia watoto watundu," Shangazi akasema. "Wewe hukuwa mtundu." Akatia ncha ya mkasi chini ya shaba, akabana kwa mikono miwili. Waya ukakatika. Mkasi nao ulipata pengo palepale, na ninao hadi leo; nikikata kitambaa huvuta uzi mahali pamoja. Akasukuma kijiti mwenyewe, na kwa mara ya kwanza tangu utoto wangu kikasogea.

Akaweka santuri ileile ya Jumapili ya kwanza. Wakaruka nje vijana. Sina namna nyingine ya kusema. Sauti nyembamba, nyepesi, zinakimbizana, gitaa linachekacheka, ngoma inadunda kama watoto wanaoshuka ngazi. Kumbe wale wa kwenye picha. Nilishangaa, na mguu wangu ulicheza wenyewe, na wakati uleule nilihuzunika, maana yule mtu mkubwa wangu hakuwemo tena. Wimbo niliozoea ukijaza kikombe kizima cha chai uliisha kabla sijamaliza kumeza mate.

Shangazi alikuwa anamtazama mpangaji, si mashine. Alikuwa amengoja uso ule kwa miaka. Alikuwa ameinama anaokota vipande vya waya mkekani na kuvifunga kwenye ncha ya kanga yake, macho hayamtoki.

"Ndivyo wanavyotakiwa kuimba?" akauliza.

"Ndivyo, Mama. Asante sana."

Halafu mpangaji akainuka, akapiga magoti mbele ya gramafoni, akanyoosha mkono kama siku ile. Kwa kidole kimoja akakirudisha kijiti polepole mahali pake pa zamani, akaiweka sindano mwanzo.

"Kule kwetu niliwasikia kwenye redio," akasema bila kugeuka. "Nikaona kama watu wanaokimbizwa. Nikasema hawa si wale wa Mengo."

Ngoma ikapiga, ikangoja. Alibaki amepiga magoti, kiganja juu ya ubao wa kabati, na ile sauti ilipopanda kutoka chini mabega yake yakaanza kutikisika. Shangazi alivuta kiti karibu naye, akaketi, akaniambia niweke maji ya chai.